Mkono wa Jua: Safari ya Prague Kumtafuta Fundi Hanuš

Habari za Hanuš nilizipata Unguja, kwa mwalimu wetu wa hisabati. Yeye alisoma Chekoslovakia miaka ya 1960, zama zile ambapo mjini Prague palikuwa na Chuo Kikuu cha 17 Novemba, kilichofunguliwa mwaka 1961 kwa ajili ya wanafunzi wa nchi za nje, wengi wao Waafrika. Alirudi na shahada, na koti zito lisilo na kazi pwani, na hadithi moja ambayo hakuchoka kuisimulia.

Paliondokea mjini Prague fundi saa, jina lake Hanuš. Madiwani walimpa kazi ya kuwatengenezea saa isiyopata kuonekana duniani, naye akawatengenezea: saa inayoonyesha jua lilipo, mwezi ulipo, na buruji zinavyopanda na kushuka. Sifa zake zikaenea nchi za mbali, wajumbe wa miji mingine wakaanza kubisha hodi. Madiwani wakaingiwa na hofu kuwa fundi atawatengenezea wengine saa nzuri kuliko yao. Usiku mmoja, Hanuš akiwa ameinamia michoro yake, waliingia watu waliofunika nyuso, wakamkamata, wakamchoma macho kwa chuma cha moto. Akaishi gizani miaka mingi. Alipohisi ajali yake imekaribia, alimwomba mwanafunzi wake amwongoze hadi kwenye saa, akatia mkono ndani ya magurudumu. Saa ikanyamaza, na fundi akafa. Ikawa muda mrefu hapana aliyeweza kuifufua.

Mwalimu akifika hapo hunyamaza kidogo, kisha husema: shukrani ya punda mateke. Sisi wanafunzi tuliwachukia madiwani wa Prague kana kwamba tunaishi mtaa mmoja nao.

Nilifika Prague katikati ya Desemba. Kwetu upepo wa kaskazi umekwishaanza kuvuma wakati huo. Kule mto Vltava ulikuwa na rangi ya risasi, na pumzi za watu zilionekana. Aliyenipokea ni kijana wa Pemba anayesomea uhandisi. "Shikamoo mama, pole na safari," alisema, akanivalisha skafu yake kabla sijamjibu vizuri. Tukapanda treni ya chini ya ardhi mpaka katikati ya mji, tukapita mtaa wa Celetná, na ghafla nyumba zikaachana, tukatokea kwenye uwanja wa Mji Mkongwe. Nao wana Mji Mkongwe wao, wenye vichochoro vya kupoteza mgeni kama vya kwetu.

Saa yenyewe, ambayo Wacheki huiita Orloj, imo kwenye ukuta wa kusini wa jengo la zamani la madiwani. Watu walikuwa wamejazana mbele yake, maana ilikuwa inakaribia saa nne asubuhi. "Mama, shika mkoba kwa mbele," kijana aliniambia, "vibaka wanaipenda saa hii kuliko watalii." Kisha kiunzi cha mifupa kilicho pembeni mwa saa kikavuta kamba ya kengele, kikageuza saa ya mchanga iliyo mkononi mwake. Jirani yake, Mturuki, akatikisa kichwa kukataa. Upande wa pili mtu wa majivuno mwenye kioo na bahili mwenye mfuko wa fedha nao wakatikisa vichwa: hapana, bado, hatuko tayari kufa. Juu yao madirisha mawili madogo yakafunguka, mitume kumi na wawili wakapita mmoja mmoja, jogoo wa dhahabu akawika, kengele ikagonga. Simu zote zilizokuwa juu zikashuka, na umati ukatawanyika kuelekea kwenye vibanda vya soko la Krismasi.

Maonyesho hayo hufanyika kila saa, kuanzia saa tatu asubuhi mpaka saa tano usiku, na watu wengi huamini kwamba ndiyo Orloj. Lakini sanamu hizi ni mapambo yaliyoongezwa karne hadi karne. Mitume wa sasa walichongwa na Vojtěch Sucharda baada ya wale wa awali kuungua mwaka 1945, na jogoo alikuja karne ya 19. Uchawi wenyewe uko kwenye uso wa saa, na uso huo haufanyi kelele. Nilibaki pale umati ulipoondoka. Kijana akaenda kutafuta kahawa, nami nikaanza kuusoma.

Katikati kuna duara la buluu, hiyo ni dunia. Kulizunguka kuna mbingu: sehemu ya buluu ni mchana, sehemu ya rangi ya chungwa na kahawia ni alfajiri na magharibi, na chini kabisa sehemu nyeusi ni usiku. Juu ya mbingu hiyo huzunguka pete ya buruji kumi na mbili. Siku ile jua lilikuwa katika Kausi, karibu kuingia Jadi. Mshale mmoja umebeba jua la dhahabu, na kwenye ncha yake kuna kiganja cha dhahabu kinachoonyesha saa. Mshale mwingine umebeba mwezi: tufe dogo, nusu fedha na nusu nyeusi, linalojigeuza lenyewe kufuata mwezi wa kweli kutoka mwandamo hadi mpevu na kurudi.

Pembezoni kuna tarakimu za Kirumi, I hadi XII mara mbili. Hizo ni saa za Ulaya zinazohesabiwa kutoka usiku wa manane. Lakini saa hii ina hesabu nyingine mbili, na hapo ndipo niliposahau baridi.

Kwenye sehemu ya buluu imechorwa mistari ya dhahabu iliyopinda, yenye namba 1 hadi 12. Inagawa mchana, kuanzia jua linapochomoza mpaka linapozama, mafungu kumi na mawili. Jua la dhahabu likikanyaga mstari wa kwanza, ni saa moja tangu kuche. Nikasubiri adhuhuri. Kiganja kilipofika XII juu kabisa, jua lilikuwa limekaa juu ya mstari wa sita. Saa sita mchana! Nilimwonyesha kijana, akacheka kwa furaha, akasema amepita hapa tangu aanze masomo na hakuna aliyemwambia. Hesabu ambayo wageni wanaokuja pwani hutuuliza kwa mshangao, wakidhani tumeigeuza saa juu chini, imeandikwa kwa dhahabu katikati ya Ulaya tangu mwaka 1410. Hesabu hiyo huitwa saa za Kibabeli. Ni hesabu ya mtu anayeanza kazi jua likitoka na kuiacha likizama, na watu wengi wa kale waliitumia.

Tofauti ni moja. Kwetu, karibu na ikweta, mchana haupungui wala hauzidi sana. Saa moja asubuhi ni ileile Januari na Julai. Prague iko nyuzi 50 kaskazini. Desemba mchana wake ni saa nane na kitu tu, basi kila fungu kati ya yale kumi na mawili huwa kama dakika 40. Juni mchana unapita saa kumi na sita, na fungu hilohilo hurefuka likapita dakika 80. Fundi aliyechora mistari hii alilazimika kuipinda ili saa ifupike na kurefuka pamoja na majira, bila mtu kugusa kitu. Jua la dhahabu husogea juu na chini kwenye mshale wake mwaka mzima kwa kufuata pete ya buruji, likakata mistari pale palipo pana au palipo pembamba.

Hesabu ya tatu iko kwenye pete ya nje, nyeusi, yenye tarakimu za kale za dhahabu kutoka 1 hadi 24. Hizo ni saa za kale za Bohemia. Siku inaisha jua linapozama, hapo ndipo kwenye 24, na usiku unaofuata ni wa siku mpya. Pete hiyo huyumba taratibu mwaka mzima ili 24 ikutane na machweo ya kila siku. Adhuhuri ile kiganja kilikuwa kwenye 20, maana yake zimebaki saa nne jua lizame, na kweli lilizama mnamo saa kumi jioni. Mwislamu yeyote wa pwani anaielewa pete hii bila kufundishwa, kwa kuwa usiku wa Ijumaa kwake huanza Alhamisi baada ya magharibi, na Ramadhani huingia jioni.

Nani basi aliyekuwa na akili ya kuzitia hesabu tatu za wakati katika uso mmoja? Jibu limo katika waraka wa tarehe 9 Oktoba 1410. Aliyetengeneza saa hii ni Mikuláš wa Kadaň, fundi wa kifalme. Na anayeaminika kumpigia hesabu za nyota ni Jan Šindel, mwalimu wa hisabati na elimu ya falaki katika chuo kikuu cha Prague, kilichoanzishwa mwaka 1348. Waraka huo unamsifu Mikuláš, na unataja malipo yake: nyumba karibu na lango la Havel, na ujira wa kila mwaka ili aendelee kuitunza saa. Madiwani wa hadithi walimpofua fundi. Madiwani wa kweli walimpa nyumba.

Hanuš alitoka wapi? Alikuwapo fundi saa aliyeitwa Jan Růže, aliyejulikana pia kwa jina la Hanuš, aliyeifanyia kazi Orloj mnamo mwaka 1490. Huyo ni mtu wa kweli, na kazi yake ilikuwa kubwa. Karne ya 16 akaja Jan Táborský, mtunzaji hodari aliyeikarabati saa na kuiandikia ripoti mwaka 1570. Táborský aliamini kwamba Hanuš ndiye mtengenezaji, akaandika hivyo, na watu wakamfuata. Hadithi ya macho ikaota juu ya kosa hilo. Mwaka 1894 mwandishi Alois Jirásek aliitia katika kitabu chake cha hadithi za kale za Kicheki, *Staré pověsti české*, na tangu hapo watoto wa Kicheki hukua nayo. Ni miaka ya 1960 tu ndipo Zdeněk Horský na wenzake walipoonyesha kwa ushahidi wa waraka ule kwamba sifa ni za Mikuláš. Yaani mwalimu wetu alipokuwa akiisikia hadithi ya Hanuš mitaani Prague, watafiti walikuwa wakiibatilisha katika mji uleule.

Sishangai kwamba watu waliiamini. Hadithi ya fundi anayeadhibiwa kwa uhodari wake inatembea dunia nzima. Moscow wanasema tsar Ivan aliwapofua waliojenga Kanisa la Mtakatifu Basil. Waarabu wana methali ya malipo ya Sinimmar, mjenzi aliyejenga kasri la Khawarnaq kwa mfalme Nu'man wa Hira, na alipomaliza akatupwa kutoka juu yake. Na ukatili wa kweli uliwahi kufanyika hatua chache tu kutoka chini ya Orloj. Kwenye mawe ya uwanja kuna misalaba myeupe 27, ya viongozi 27 walionyongwa au kukatwa vichwa hapo tarehe 21 Juni 1621 baada ya kuasi dhidi ya mfalme wa ukoo wa Habsburg. Mmoja wao, daktari Jan Jessenius, alikatwa ulimi kwanza. Watu waliorithi kumbukumbu za namna hiyo hawakuona ajabu kuambiwa kwamba fundi naye alitobolewa macho.

Hata hivyo hadithi hii imefanya dhuluma. Imemnyang'anya Mikuláš jina lake kwa karne nyingi, na imetufanya tuamini kwamba adui wa kazi nzuri ni wivu wa wakubwa. Historia ya Orloj yenyewe inamtaja adui mwingine kila ukurasa, naye ni kutotunza. Saa ilisimama mara nyingi kwa kukosa mtu anayeijua. Mnamo mwaka 1787 ilikuwa imechakaa kiasi cha kufikiriwa kuuzwa kama chuma chakavu. Aliyeiokoa ni Antonín Strnad, mwanafalaki wa kituo cha kutazamia nyota cha Klementinum, aliyewashawishi wakubwa wa mji, na fundi Šimon Landsperger akaitia mkono. Uso wa nyota hata hivyo haukutengemaa sawasawa mpaka matengenezo makubwa ya 1865 na 1866. Ndipo mchoraji Josef Mánes alipochora ubao wa kalenda ulio chini, wenye picha kumi na mbili za kazi za wakulima, mwezi kwa mwezi. Ubao wenyewe umehifadhiwa na makumbusho ya mji. Uliopo ukutani ni nakala.

Mei 1945, Prague ilipoinuka dhidi ya Wajerumani siku za mwisho za vita, jengo la madiwani lilipigwa mizinga likaungua, na saa ikaungua nalo. Mafundi wakaijenga tena, ikaanza kwenda mwaka 1948. Mwaka 2018 ilisimamishwa tangu Januari mpaka Septemba ikafanyiwa ukarabati, na mashine ya umeme iliyowekwa baada ya vita ikaondolewa, ikarudishwa ile ya miaka ya 1860. Katika kazi hiyo nakala mpya ya kalenda ya Mánes iliwekwa, na mwaka 2022 zikazuka lawama kwamba mchoraji amezibadilisha nyuso za watu wa Mánes. Mimi nawaunga mkono waliolalamika. Anayenakili kazi ya marehemu ameshika amana.

Kijana wa Pemba, kwa kuwa ni mhandisi, alinitafutia kilicho nyuma ya uso huo. Mwendo wa nyota unategemea magurudumu matatu ya meno kwenye mhimili mmoja. La buruji lina meno 365, la jua 366, la mwezi 379. Yote yanasukumwa jino kwa jino kwa kasi moja. Lenye meno machache humaliza mzunguko mapema, hivyo nyota hulitangulia jua kwa kama dakika nne kila siku, na mwezi huchelewa nyuma ya jua kwa kama dakika 50. Mvuvi wa Nungwi anaijua hesabu hii ya mwisho bila gurudumu lolote, maana maji ya kujaa na kupwa huchelewa vivyo hivyo kila siku. Mwanadamu aliyeikamata hesabu hiyo katika meno ya chuma mwaka 1410, bila mashine ya kukatia meno kama za leo, anastahili heshima kuliko mchawi yeyote wa hadithini.

Na Mikuláš na Šindel hawakuanzia patupu. Uso wa Orloj kwa umbo lake ni astrolabi (chombo cha kupimia nyota) kubwa inayojiendesha yenyewe. Chombo hicho kilianzia kwa Wayunani, kikakuzwa na wanavyuoni wa Kiislamu waliokihitaji kwa ajili ya nyakati za sala na kibla, kikaingia Ulaya kupitia Andalusia. Kiasi cha miaka 40 kabla ya Orloj, Ibn al-Shatir alikuwa akiupima wakati katika Msikiti wa Umayya mjini Damascus kwa elimu hiyohiyo. Nikiwa nimesimama pale, Mzanzibari mwenye skafu ya kuazima, nilijihisi mrithi wa jambo hili, na sioni sababu ya kuona haya kulisema.

Mchana tulipanda ndani ya mnara. Kuna kanisa dogo la Bikira Maria, na humo unaweza kuwaona mitume kwa mgongo, kila mmoja na alama yake, wakisubiri zamu kwenye gurudumu lao. Kisha tukavuka uwanja hadi kanisa la Týn alikozikwa Tycho Brahe mwaka 1601, aliyepima nyota kwa jicho tupu kabla ya darubini. Tukamalizia mtaa wa Wayahudi, kutazama saa ya ukumbi wao yenye tarakimu za Kiebrania, ambayo mishale yake inazunguka kinyume na saa za kawaida, kwa kuwa maandishi hayo husomwa kutoka kulia. Mji huu umekubali wakati uhesabiwe kwa njia nyingi, na hakuna njia iliyofukuzwa ukutani.

Nilimfikiria sana Strnad, yule aliyeiokoa saa, nilipokuwa narudi. Kwetu Zanzibar, nyumba ya Beit al-Ajaib, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883, iliporomoka sehemu yake ya mbele pamoja na mnara wa saa tarehe 25 Desemba 2020, ikiwa katika matengenezo, na watu wakapoteza maisha. Naomba atakayeujenga upya mnara huo aandike majina ya mafundi wote, wa chokaa, wa mbao na wa saa, mahali ambapo watoto wetu watayasoma, pamoja na malipo waliyopewa. Waraka mmoja wa namna hiyo ndio uliomrudishia Mikuláš haki yake.

Nawe msomaji, ukijaliwa kufika Prague, usiondoke mitume wanapojifungia madirisha. Baki mpaka umati upungue, litafute jua la dhahabu, usome limefika mstari wa ngapi tangu kuche. Nenda adhuhuri, kwa kuwa hapo mstari wa sita hauna shaka. Na kiongozi wa watalii akikusimulia habari za Hanuš, msikilize kwa adabu, maana ni hadithi nzuri. Kisha mwambie aliyeitengeneza saa hii ni Mikuláš wa Kadaň, na mji ulimlipa.